Flight Lieutenant si Luteni: jinsi ya kusoma na kuandika vyeo vya maofisa wadogo wa majeshi ya anga yenye asili ya Uingereza

Aliyezoea vyeo vya JWTZ au KDF huhesabu nyota begani tu: moja ni Luteni Usu, mbili ni Luteni, tatu ni Kapteni. Hesabu hiyo haibadiliki hata mwenye cheo akiwa rubani wa ndege ya kivita, kwa sababu majeshi ya anga ya Tanzania, Kenya na Uganda yanatumia majina yale yale ya vyeo vya nchi kavu. Matata huanza ikija habari ya kutafsiri kutoka Ghana au India, au hati ya enzi za ukoloni, au jiwe la kaburi katika makaburi ya vita ya Ngong Road jijini Nairobi, na juu yake pameandikwa Flying Officer au Flight Lieutenant. Mtafsiri anaona neno Lieutenant, anaandika Luteni, na kwa neno moja amemshusha mtu ngazi nzima.

Ngazi zenyewe ni hizi, kuanzia chini. Jifunze mikanda, yaani mistari ya cheo inayovaliwa mkononi au begani, pamoja na jina, maana jina peke yake linadanganya.

- Pilot Officer: mkanda mmoja mwembamba. Ni sawa na Luteni Usu.
- Flying Officer: mkanda mmoja wa upana wa kawaida. Ni sawa na Luteni.
- Flight Lieutenant: mikanda miwili ya kawaida. Ni sawa na Kapteni.
- Squadron Leader: mikanda miwili ya kawaida, na mwembamba katikati yake. Ni sawa na Meja.

Maofisa wadogo wanaishia kwa Flight Lieutenant. Squadron Leader nimemweka hapa kwa kuwa ndiye anayechanganywa nao zaidi, lakini katika Jeshi la Anga la Uingereza, yaani RAF, yeye anahesabiwa tayari kuwa ofisa mwandamizi. Juu yake yuko Wing Commander mwenye mikanda mitatu, ambaye ni sawa na Luteni Kanali, na Group Captain mwenye minne, ambaye ni sawa na Kanali. Huyo wa mwisho naye ni mtego: ana neno Captain ndani ya jina lake, na ukimwandika Kapteni umemshusha ngazi tatu kwa mkupuo.

Neno Lieutenant limefikaje kwa mtu mwenye uzito wa Kapteni?

RAF ilizaliwa tarehe 1 Aprili 1918 kwa kuunganisha vikosi viwili: kikosi cha ndege cha jeshi la nchi kavu na kikosi cha ndege cha jeshi la majini. Kwa zaidi ya mwaka mmoja maofisa wake walitumia vyeo vya nchi kavu, kisha Agosti 1919 wakapewa vyeo vyao wenyewe. Mikanda ya mikononi, na sehemu ya majina, vilitoka upande wa majini. Huko majini Lieutenant huvaa mikanda miwili, na uzito wake ni ule ule wa Captain wa nchi kavu. Kwa hiyo Flight Lieutenant ni Lieutenant wa mabaharia aliyehamia angani. Luteni anayetoka chuo cha kijeshi cha Monduli ni mtu mwingine kabisa.

Ukilishika hilo, mengine yanakuja yenyewe. Sub-Lieutenant wa majini ana mkanda mmoja, vivyo hivyo Flying Officer. Lieutenant Commander ana miwili na mwembamba katikati, vivyo hivyo Squadron Leader. Commander ana mitatu, Captain wa majini ana minne. Kinachowatofautisha kwa macho ni kwamba mkanda wa juu wa baharia wa Uingereza una kitanzi, na ni wa rangi ya dhahabu. Wa jeshi la anga hauna kitanzi, na ni wa buluu hafifu juu ya kitambaa cheusi.

Kumtambua kwenye picha

Angalia kwanza cheo kimewekwa wapi. Kwenye sare rasmi yenye koti, mikanda inazunguka mkono juu kidogo ya kifundo cha mkono. Kwenye shati au sweta iko mabegani. Kwenye ovaroli ya kurukia inaweza kuwa begani, au kwenye kipande kimoja cha kitambaa katikati ya kifua. Usitafute nyota. Ukikuta nyota, huyo ni wa nchi kavu au wa jeshi la anga linalofuata vyeo vya nchi kavu.

Pili, tenga mikanda na tepe. Tepe zenye umbo la V ni za askari wasio maofisa, kama vile Koplo na Sajini. Mwenye tepe tatu na taji juu yake ni Flight Sergeant, ambaye si ofisa ingawa cheo chake kinaanza na neno lile lile la Flight. Warrant Officer huvaa nembo ya kifalme kwenye mkono wa chini. Huyu analingana na Ofisa Mteule wa kwetu, na neno Officer lililo katika jina lake lisikufanye umpandishe hadi kwa wenye kamisheni.

Tatu, pima upana. Hapa ndipo picha za zamani zisizo na rangi zinapotesa. Mkanda mwembamba wa Pilot Officer humezwa na kivuli cha mkunjo wa kitambaa, na mtu anaonekana kama hana cheo kabisa. Au picha ikiwa imekuzwa sana, ule mwembamba unavimba na kuonekana wa kawaida, na unamwita Flying Officer. Dawa yake ni kumlinganisha na ofisa mwingine aliye kwenye picha hiyo hiyo. Ukimpata mwenye mikanda miwili, mmoja wa mikanda yake ndio kipimo chako cha upana wa kawaida. Kama yuko peke yake, angalia mikono yote miwili na mabega yote mawili kabla ya kuamua.

Kosa la aina hiyo hiyo hutokea ngazi ya juu: mkanda mwembamba wa katikati wa Squadron Leader ukipotea, anabaki Flight Lieutenant. Angalia nafasi kati ya mikanda miwili. Ikiwa ni pana kuliko ulivyotarajia, na ndani yake kuna mstari wa kijivu hafifu, hapo ulikuwepo mkanda wa tatu.

Kofia haitakusaidia sana. Ukingo wa kofia ya ofisa wa RAF ni mweusi mtupu kuanzia Pilot Officer hadi Wing Commander. Urembo wa dhahabu unaanza kwa Group Captain.

Na usichukue hesabu ya mikanda kutoka uwanja wa ndege wa Julius Nyerere au Jomo Kenyatta. Kwenye mashirika ya abiria, mikanda minne ni ya rubani kiongozi na mitatu ni ya rubani msaidizi. Hao ni raia, na mikanda yao haina uhusiano na Wing Commander wala Group Captain.

Jina la cheo halitaji kazi

Pilot Officer si lazima awe rubani, na Flying Officer si lazima awe anaruka. Haya ni majina ya ngazi tu. Daktari, mhandisi, mwanasheria na ofisa ugavi wote wanaweza kuyabeba. Kuandika "ofisa rubani" au "ofisa mrukaji" ni kutafsiri maneno na kupoteza maana.

Ushahidi mzuri uko makaburini. Kwenye mawe ya makaburi ya vita ya Jumuiya ya Madola, wanaanga wa Vita vya Pili wameandikiwa cheo na mara nyingi kazi pia. Unaweza kusoma Pilot Officer, na karibu yake ukakuta Air Gunner, yaani mpiga bunduki wa ndege. Hakuna mgongano: cheo ni cha ngazi, kazi ni ya bunduki. Au Flying Officer na Navigator, mwongoza njia. Ukiwa unanakili jiwe kwa ajili ya familia, andika vitu viwili hivyo kwa kuvitenganisha, pamoja na namba ya utumishi.

Vivyo hivyo Squadron Leader si lazima aongoze skwadroni. Katika RAF ya leo skwadroni ya ndege kwa kawaida iko chini ya Wing Commander. Flight Commander nayo ni kazi ya kuongoza flaiti, ambayo ni sehemu ya skwadroni. Ofisa anaweza kuwa Flight Lieutenant kwa cheo na Flight Commander kwa kazi siku hiyo hiyo. Mwandishi anayeyaona yote mawili katika hati moja huwa anadhani mojawapo limekosewa.

Kusoma vifupisho

Wakati wa Vita vya Pili vifupisho viliandikwa kwa mkwaju: P/O, F/O, F/L au F/Lt, S/L, W/C, G/C. RAF ya leo huandika Plt Off, Fg Off, Flt Lt, Sqn Ldr, Wg Cdr, Gp Capt, bila nukta. Australia huandika kwa herufi kubwa bila kuacha nafasi: PLTOFF, FLGOFF, FLTLT, SQNLDR. New Zealand hufanya hivyo hivyo ila Flying Officer wao ni FGOFF. India huongeza herufi r, Fg Offr.

Vinavyoteleza ni hivi. F/O katika hati ya jeshi ni Flying Officer, lakini katika ratiba ya shirika la abiria ni rubani msaidizi. F/S au F/Sgt ni Flight Sergeant, asiye ofisa. Herufi A na mkwaju mbele ya cheo, mathalan A/F/L, inamaanisha anakaimu. Na OF-1 katika orodha za NATO haitoshi: msimbo huo unabeba Pilot Officer na Flying Officer kwa pamoja, hivyo ukiwa na msimbo tu huwezi kujua ni yupi. OF-2 ni Flight Lieutenant, OF-3 ni Squadron Leader.

Kabla ya kuamua, tazama nchi na mwaka

Cheo kile kile kinabadilika uzito au kinatoweka kulingana na mwaka na bendera. Hatua hii hurukwa sana, na ndiyo inayozaa makosa yasiyosahihishika baadaye.

Hati ya kabla ya Aprili 1918 si ya RAF. Mfano wake uko kwetu Rufiji. Mwaka 1915, meli ya kivita ya Kijerumani Königsberg ilipokuwa imejificha kwenye delta, ndege zilizokuwa zikielekeza mizinga ya Waingereza zilikuwa za kikosi cha anga cha jeshi la majini, zikiruka kutoka kisiwa cha Mafia. Katika kumbukumbu za shambulio la tarehe 11 Julai utamkuta Flight Commander Cull pamoja na Flight Sub-Lieutenant Arnold. Hivyo ni vyeo vya kibaharia. Hapo Flight Commander ni cheo kamili, si kazi kama ilivyo leo. Na kuanzia Aprili 1918 hadi Agosti 1919, ukikuta Captain wa RAF, huyo ni Kapteni kweli. Vyeo vipya vilikuwa bado.

Wanawake wa miaka ya Vita vya Pili walikuwa na majina yao. Assistant Section Officer alilingana na Pilot Officer, Section Officer na Flying Officer, Flight Officer na Flight Lieutenant, Squadron Officer na Squadron Leader. Noor Inayat Khan, aliyetumwa Ufaransa kama mwendesha redio wa siri na kutunukiwa Msalaba wa George, nishani ya ushujaa ya Uingereza, mwaka 1949 baada ya kuuawa, ameandikwa Assistant Section Officer. Anayefikiri huyo ni karani msaidizi wa idara amekosea mno. Kumbuka pia kwamba Flight Officer alikuwepo Marekani kati ya 1942 na 1945, tena akiwa chini ya Luteni Usu wao. Jina moja, nchi mbili, ngazi tofauti.

Kanada ilitumia vyeo vya RAF hadi muungano wa majeshi yake mwaka 1968, kisha ikahamia vya nchi kavu. Flight Lieutenant wa Kanada wa mwaka 1944 na Captain wa Jeshi la Anga la Kanada wa leo ni ngazi moja. Afrika Kusini na Zambia zinatumia vya nchi kavu. Nigeria, Ghana, India, Pakistan, Bangladesh, Sri Lanka, Australia na New Zealand zinafuata mtindo wa RAF. Zimbabwe imejitengenezea mchanganyiko wake: Air Sub Lieutenant, kisha Air Lieutenant, halafu Flight Lieutenant na Squadron Leader kama kawaida. Kwa hiyo katika hati ya Harare unaweza kukutana na aina tatu za Lieutenant wa anga, kila mmoja na ngazi yake: Luteni Usu, Luteni, Kapteni. Soma neno linalotangulia. Ndilo linalobeba uzito.

India nayo ina la kwake. Cheo cha Pilot Officer hakitumiki tena; anayepata kamisheni huanza moja kwa moja kama Flying Officer. Kisha hupanda kwa muda wa utumishi: Flight Lieutenant baada ya miaka 2, Squadron Leader baada ya miaka 6, Wing Commander baada ya 13. Ukiona Wing Commander wa India mwenye umri wa miaka thelathini na kitu, usishangae. Uingereza ni tofauti: hadi Flight Lieutenant mtu hupanda kwa muda, ila Squadron Leader ni wa kuchaguliwa kwa ushindani, na wapo wengi wanaostaafu wakiwa Flight Lieutenant bila aibu yoyote. Pakistan bado ina Pilot Officer. Rashid Minhas, aliyepewa Nishan-e-Haider, nishani ya juu ya ushujaa ya Pakistan, kwa tukio la tarehe 20 Agosti 1971, alikuwa na cheo hicho.

Hati zinapopingana

Mtu mmoja, mwezi mmoja, hati mbili, vyeo viwili. Kabla ya kusema karani alikosea, pitia sababu hizi.

Ya kwanza ni kukaimu. Wakati wa vita mtu alipewa kazi kubwa na cheo cha kukaimu kilichoendana nayo. Akihamishwa, cheo kilirudi pale pale. Hivyo anaweza kuitwa Squadron Leader katika barua ya kituoni na Flight Lieutenant katika London Gazette, yaani Gazeti rasmi la serikali ya Uingereza, na vyote vikawa sahihi. Andika cheo chake cha kudumu, ukiongeza kwamba alikuwa akikaimu cha juu.

Ya pili ni kuchelewa kwa tangazo. Kamisheni ilitangazwa katika Gazeti wiki kadhaa baada ya tarehe ya kuanza kwake. Sajini aliyeuawa katikati ya kipindi hicho ameandikwa Sajini kwenye daftari la shughuli la skwadroni yake, na Pilot Officer kwenye kaburi. Fuata tarehe ya kuanza kutumika, wala si ya kuchapishwa.

Ya tatu ni namba. Askari aliyepata kamisheni alipewa namba mpya ya ofisa. Namba mbili kwa jina moja hazimaanishi watu wawili. Lakini zinaweza kumaanisha hivyo, hasa kwa majina ya kawaida, kwa hiyo linganisha tarehe na skwadroni kabla ya kuunganisha faili.

Katika nusu ya pili ya vita, mwendo wa kawaida ulikuwa miezi 6 kutoka Pilot Officer hadi Flying Officer, kisha miezi 18 hadi Flight Lieutenant. Ukiijua tarehe ya kamisheni unaweza kukisia cheo cha tarehe fulani, kisha ukakihakikishe kwenye Gazeti, ambalo liko wazi mtandaoni bure. Madaftari ya skwadroni yako katika Hifadhi ya Taifa ya Uingereza, Kew, kwenye mfululizo wa AIR 27.

Kuandika kwa Kiswahili

Acha jina la cheo kama lilivyo, kisha eleza uzito wake mara moja tu, pale linapotokea kwa mara ya kwanza. Baada ya hapo tumia jina la cheo, au jina la mtu peke yake. Mfano: "Flight Lieutenant Jerry Rawlings, cheo kinacholingana na Kapteni wa jeshi la nchi kavu, aliingia madarakani tarehe 4 Juni 1979." Usiandike "Luteni Rawlings". Usiandike "Kapteni Rawlings" pia, kwa sababu hakuwahi kuitwa hivyo, na msomaji atakayetafuta jina hilo kwenye kumbukumbu za Ghana hatalipata. Aliyepinduliwa siku hiyo, Fred Akuffo, alikuwa Lieutenant General, na huyo kweli ni Luteni Jenerali. Mtafsiri mvivu akiwaita wote wawili Luteni, msomaji atadhani ni mapinduzi ya wenzi wa bweni moja.

"Luteni wa Anga" sikupendekezei. Inasikika vizuri, ila inamrudisha msomaji kwenye nyota mbili, na hapo tulipoanzia.

Wakiwa wengi, usibandike ma- mbele ya jina la Kiingereza. Andika "maofisa watatu wenye cheo cha Flying Officer". Katika jedwali tumia kifupisho cha nchi husika bila kukibadilisha, FLTLT kwa Mwaustralia na Flt Lt kwa Mwingereza, na weka safu ya pembeni yenye Luteni Usu, Luteni au Kapteni. Kama mtu amestaafu, sema "mstaafu" baada ya cheo. Kama cheo kilipanda katikati ya habari unayoisimulia, tumia cheo cha siku ya tukio, kisha utaje cha baadaye. Abhinandan Varthaman, rubani wa India aliyetunguliwa na kushikwa Pakistan Februari 2019, alikuwa Wing Commander siku hiyo. Baadaye akawa Group Captain. Anayeandika leo kwamba Group Captain alitunguliwa amebadilisha historia bila kujua, na anayeandika kwamba Kapteni alitunguliwa ameiharibu mara mbili.